Hodi kwa Mzee Asiyesikia

Hukumu ya rufaa ilisomwa kwa dakika nne. Mama Godoro alizihesabu kwenye saa ya ukutani iliyoning'inia juu ya kichwa cha jaji, maana macho yake hayakuwa na mahali pengine pa kutua. Miaka miwili ya kusubiri, mashahidi sita, faili nene kama mto wa kulalia, na jaji akasoma karatasi moja na nusu. Mwisho wake ulikuwa hivi:

"Nimeipitia hukumu ya hakimu wa chini. Hakimu ndiye aliyewaona mashahidi na kuwasikia. Sioni sababu ya kutofautiana naye. Rufaa inatupwa."

Jaji akafunga faili, akanyanyuka. Watu wakasimama. Mama Godoro naye alisimama kwa sababu ndivyo alivyolelewa.

"Ameipitia," alimwambia shemeji yake walipofika kwenye ngazi za nje. "Umesikia neno hilo? Ameipitia! Hata mbuzi hupitia shamba la watu."

"Shemeji, punguza sauti. Askari yule anatuangalia."

"Aangalie. Yeye angalau anaangalia."

Shemeji yake, mdogo wa marehemu mumewe, alikuwa mvuta mkokoteni, mtu wa misuli mingi na maneno machache. Aligeuza uso upande wa barabara.

"Usiseme," Mama Godoro akamwambia.

"Sijasema kitu."

"Umesema kwa shingo. Nimekuona."

Alijua shingo ile ilisema nini. Ilisema: ungenisikiliza mimi siku ile, leo tungekuwa tunabomoa ukuta.

Mambo yenyewe yalikuwa hivi. Nyumba ya Mama Godoro ilikuwa nyuma ya kiwanja cha seremala mmoja ambaye mtaa mzima ulimwita Mzee Randa. Kulia kwake palikuwa na ukuta wa shule, kushoto nyumba zilizobanana hata panya anapita ubavuubavu, na nyuma korongo. Tangu mumewe alipojenga pale, miaka ishirini na minane iliyopita, barabarani walitokea kwa njia moja tu, kwa kukatiza uwanja wa Mzee Randa. Hakuna aliyeandika karatasi. Mzee Randa alipomwaga zege uwanjani mwake, aliacha mteremko upande mmoja, mpana kama mkokoteni, ili magurudumu ya jirani yasipigepige ukingo. Hiyo ndiyo ilikuwa karatasi yao.

Na mkokoteni ulihitajika, kwa maana kazi ya nyumba ile ilikuwa kushona magodoro ya pamba na ya sufi. Mume alichambua na kujaza, mke alishona kingo kwa sindano ndefu kama kiganja. Godoro jipya halikunjwi. Ukilikunja kabla halijalaliwa, pamba inakimbilia pembeni, na mteja unampelekea vilima na mabonde badala ya kitanda. Linabebwa limelala, juu ya vichwa vya watu wawili, mpaka linapokutana na mkokoteni.

Mume akafa. Mzee Randa naye akafuata, na mkewe haikuchukua mwaka. Watoto wao wakauza kiwanja kwa mtu aliyehamia na geti kabla hajahamia na kitanda. Geti lilikaa pale limesimama peke yake wiki tatu, bila ukuta, likifungwa kila jioni kwa kufuli. Watu wakamwita Bwana Geti. Kisha ukuta ukaja, ukapanda, ukavikwa vipande vya chupa kichwani. Upande wa shule aliacha upenyo wa mtu mmoja, tena awe hajashiba.

"Nimekuachia njia, mama," Bwana Geti alimwambia. "Sijakuonea. Pita."

"Mimi napita. Godoro je?"

"Hilo likunje."

"Godoro jipya halikunjwi, baba."

"Basi kazi yako haina bahati."

Tangu siku hiyo magodoro yalivushwa juu ya ukuta kwa kamba. Chupa zilichana vitambaa, na godoro lililopata mvua lilikaa siku nane halijakauka ndani. Wateja wakapungua mpaka wakabaki wa mito, kwa sababu mto unapita popote. Jirani yake Mama Pacha, ambaye mdomo wake haukuwa na breki, alimwambia mbele ya watu kisimani, "Shoga, sasa tubadilishe jina tukuite Mama Mito." Wakacheka wote. Mama Godoro naye alicheka. Akaenda kulia nyumbani, akasali, akanawa uso, akaenda kufungua kesi.

Wakili aliyepata kwenye ofisi ya msaada wa sheria alikuwa msichana mwembamba aliyevaa miwani ya kuazima sura ya mtu mzima. Alimweleza jambo lote kwa maneno mepesi. Mtu akipita mahali kwa miaka mingi, mchana kweupe, bila kujificha na bila kuomba, njia ile inageuka kuwa haki yake, na hata kiwanja kikiuzwa haki inabaki. Lakini kama alikuwa anapita kwa ruhusa ya mwenye kiwanja, ruhusa ni kitu cha kuazimwa, na mwenyewe anaweza kuichukua kesho.

Siku ya ushahidi, asubuhi, nje ya mlango wa mahakama, shemeji alimvuta pembeni.

"Wakikuuliza habari ya hodi, sema hukuwa unapiga."

"Nilikuwa napiga."

"Najua ulikuwa unapiga. Mimi mwenyewe nilikuwa napiga. Sema hukupiga."

"Nitakuwa nimeapa, shemeji."

"Hujaapa bado."

"Wewe unadhani Mungu anasubiri karani aniletee kitabu ndiyo aanze kusikiliza?"

Akaingia, akaapa. Wakili wa Bwana Geti, mtu mrefu mwenye sauti laini kama mafuta ya nazi, akamuuliza pole pole.

"Mama, ulipokuwa ukikatiza uwanja wa marehemu seremala, ulikuwa unafanya nini kwanza?"

"Napiga hodi."

"Kila mara?"

"Kila mara."

"Hata ukiwa na haraka?"

"Hata nikiwa na haraka. Mimi sikulelewa na fisi."

Watu wakacheka. Hata hakimu alitabasamu. Yule wakili alicheka kuliko wote, akashukuru, akakaa, na Mama Godoro akashuka kizimbani akidhani amefanya vizuri. Miezi mitatu baadaye hakimu akaandika: mdai amekiri kwa kinywa chake kwamba kila alipopita aliomba ruhusa kwa kupiga hodi, kwa hiyo hakupita kwa haki bali kwa hisani. Kesi ikaisha hapo. Na sasa jaji wa rufaa ameipitia.

Hasira ile hakujua aende nayo wapi. Alijaribu kushona, sindano ikamchoma mara mbili. Alijaribu kusali, akajikuta anamsimulia Mungu kesi badala ya kuomba. Siku ya tatu alitandika mkeka, akachukua lile faili, yaani mwenendo mzima wa kesi uliopigwa chapa, akaanza kusoma mwenyewe kutoka ukurasa wa kwanza. Shule yake ilikuwa ya msingi tu. Alisoma kwa kidole, mstari kwa mstari, midomo ikicheza, na neno lililomshinda aliliwekea uzi wa godoro ili akaulize. Ilimchukua siku sita.

Ukurasa wa arobaini na moja ulikuwa wa shahidi wa nne. Huyo alikuwa binti wa Mzee Randa, mkunga, mtu asiye na faida wala hasara katika ugomvi ule, kwa kuwa kiwanja kilikwisha uzwa. Maneno yake yalikuwa pale, meusi juu ya meupe:

"Baba alikuwa kiziwi. Mashine ya kupasulia mbao ilimla masikio kabla mimi sijaanza shule. Ndiyo, majirani walipiga hodi. Bafu letu lilikuwa la mabati, lilikuwa pale pale uwanjani, halina mlango ila pazia. Walipiga hodi ili mama asikutwe anaoga. Hawakusubiri kuitikiwa, walipiga hodi huku wanatembea. Baba angewaitikiaje? Hakuwasikia. Na hata siku ambazo hatupo walipita."

Mama Godoro alirudia mara tatu. Uziwi ule aliujua siku zote, ila kizimbani hakuna aliyemuuliza. Alimkumbuka mkunga yule siku ile kizimbani, ametoka zamu, macho mekundu, anajibu kama mtu anayetaka akalale. Kisha akachukua hukumu ya hakimu, akatafuta neno kiziwi. Halikuwemo. Akatafuta bafu. Halikuwemo. Akachukua ile karatasi moja na nusu ya jaji. Hakuhitaji kidole. Shahidi wa nne hakuwemo, wala mteremko wa zege, wala chochote. Palikuwa na hodi tu, imekaa peke yake kama lile geti kabla ya ukuta.

Kesho yake alikuwa wa kwanza kwenye benchi la ofisi ya msaada wa sheria. Aliweka faili mezani kwa kishindo mpaka kalamu zikaruka.

"Mwanangu, nina swali moja. Kazi ya jaji wa rufaa ni nini?"

Wakili alivua miwani. "Kwa rufaa ya kwanza, mama, anatakiwa kuusoma ushahidi wote upya. Wote. Aupime mwenyewe, kama vile kesi imeanzia kwake, kisha afikie uamuzi wake. Anakumbuka tu kwamba yeye hakuwaona mashahidi kwa macho. Akikubaliana na hakimu, sawa, lakini aonyeshe amepima."

"Aonyeshe."

"Aonyeshe."

"Mimi nauza godoro kwa kilo," alisema Mama Godoro, na sauti yake ilikuwa imeshuka, ambayo kwa waliomjua ilikuwa mbaya zaidi kuliko ikipanda. "Mteja akija, hata enzi zile mume wangu akiwa amepima jana yake, naiweka pamba juu ya mizani mbele ya macho yake. Sijawahi kumwambia mtu, aliyepima jana amesema kilo kumi na tano, mimi sioni sababu ya kutofautiana naye. Angenitupia sindano zangu. Sasa mimi mshona magodoro napima, na jaji hapimi?"

"Ndiyo maana tunakwenda juu."

"Na mahali pa kwenda tunapo?"

"Pana majaji watatu. Lakini kule, mama, hatupeleki shahidi mpya wala karatasi mpya. Ni haya haya."

"Haya haya yanatosha. Tatizo hayajasomwa."

Shemeji alikuwa amesimama mlangoni, kofia mkononi. Akakohoa. "Mwanangu wakili, mimi nina langu. Angesema hapigi hodi, si yangekwisha zamani?"

Wakili akageuza faili, akamwonyesha mstari. "Soma hapa, baba. Mkunga amesema majirani walipiga hodi. Mama angesema hakupiga, shahidi wetu wenyewe angemfanya mwongo. Baada ya hapo hata habari ya uziwi nani angeiamini?"

Shemeji alisoma, au alijifanya anasoma. Alirudisha kofia kichwani, ingawa alikuwa bado ndani.

Huku mtaani, hukumu ilikuwa imefika kabla yao, na Mama Pacha ndiye aliyeipeleka nyumba kwa nyumba. "Jamani, sheria imetoka. Ukipiga hodi kwa mtu, umekubali huna haki. Mimi kuanzia leo sipigi." Alisema kwa mzaha, lakini mzaha ule ukaota mizizi. Watu wenye njia za kuchangia, wenye kisima cha pamoja, wenye choo cha uani, wote walianza kuhesabu hodi zao. Wakaanza kuingia kimya. Fundi viatu alimkuta jirani yake kavaa taulo. Mwalimu mstaafu aliingia jikoni kwa watu, akakuta ugomvi wa mke na mume uko katikati, akashindwa kurudi na akashindwa kuendelea. Mtaa uliokuwa na adabu zake ukawa kama stendi.

Mama Godoro peke yake aliendelea kupiga hodi. Alipofika kwenye upenyo, kwa kuwa upande wa pili palikuwa uwanja wa watu, alisema hodi kama alivyosema maisha yake yote. Na Bwana Geti akagundua mchezo. Alinunua daftari. Akawa anakaa kwenye kiti cha plastiki karibu na upenyo, kalamu sikioni.

"Hodi," Mama Godoro anasema.

"Karibu, mama. Hodi ya tatu leo. Nimeandika."

"Andika."

"Saa nne na dakika kumi. Nimekuruhusu."

"Andika na kwamba umenuna."

Siku ya nne au ya tano alisimama kabla ya upenyo, hodi imemfika kwenye ulimi, akaimeza. Akasimama pale dakika nzima. Ndani alisikia mke wa Bwana Geti, mama mpole asiyehusika na lolote, akiimba huku anafua. Mama Godoro alifumba macho. *Ee Mungu, huyu mtu anataka kuninyang'anya na adabu yangu pia.* Akafumbua macho, akapiga hodi kwa sauti iliyovuka ukuta wa shule, watoto darasani wakaitikia karibu. Kalamu ya Bwana Geti ikadondoka.

Siku yake Bwana Geti ilikuwa Jumamosi. Msoma mita za maji, kijana wa mtaa huo huo aliyeisikia hukumu kwa Mama Pacha, alikuta geti liko wazi akaingia kimya moja kwa moja mpaka kwenye bomba la nyuma. Bwana Geti alikuwa pale na sabuni mwili mzima, na hakuwa na kingine.

"Wewe! Huna adabu? Hupigi hodi?"

"Nipige hodi ili useme sina haki ya kusoma mita?"

"Mshenzi wewe! Hodi ni adabu! Nani kakwambia hodi ni kuomba ruhusa?"

Upande wa pili wa ukuta Mama Pacha aliweka ndoo chini. "Rudia hapo, baba! Huku hatujakusikia vizuri, sema polepole tuandike!"

Mtaa ulicheka wiki nzima. Shemeji alikimbilia kwa wakili, jasho linamtoka, kwamba Bwana Geti amekiri na mashahidi wako kumi na mmoja. Wakili alitikisa kichwa. Haiwezi kuingia. Ni mpya. Shemeji alirudi amenywea, lakini Mama Godoro hakumwonea huruma. "Nimekwambia ya zamani yanatosha," alisema, akivuta uzi kwa meno. "Kilo kumi na tano ni kilo kumi na tano. Atokee tu mtu wa kuweka kwenye mizani."

Ilipita mwaka na miezi minne. Katika muda huo alishona mito mia kadhaa na magodoro saba. Kila godoro lilipopandishwa ukutani kwa kamba alisimama chini yake mwenyewe, mikono juu, kama anampokea mtoto anayeshuka mtini, na kila lilipochanika alilishona palepale, barabarani, mbele ya mteja.

Chumba cha majaji watatu kilikuwa kikubwa na baridi, na viti vyake viliwafanya watu wakae wima. Katikati alikaa jaji mwanamke, mzee, mwenye kikohozi. Wakili wa Bwana Geti alianza kwa ile sauti yake ya mafuta.

"Waheshimiwa, mahakama mbili zimekubaliana juu ya jambo hili. Mahakama hii haina mazoea ya kuingilia pale mahakama mbili zinapokubaliana juu ya ushahidi."

Jaji mzee akakohoa. "Zimekubaliana, au moja imeinakili nyingine?"

"Waheshimiwa, jaji alieleza kwamba ameipitia hukumu."

"Ya hakimu. Tumeona. Sisi tunauliza ushahidi. Tuonyeshe, katika hukumu ya rufaa, mahali alipotajwa shahidi wa nne."

Wakili akafunua karatasi. Akaifunua tena upande wa pili. Karatasi zilikuwa mbili tu, lakini alizifunua kama kitabu kizima.

"Hakutajwa moja kwa moja, waheshimiwa."

"Ametajwa kwa kuzunguka?"

"Hapana, mheshimiwa."

"Uziwi wa mwenye kiwanja?"

"Hapana."

"Mteremko kwenye zege?"

"Hapana, mheshimiwa, ila..."

"Shahidi huyo alidodoswa na nani kule chini?"

"Na mimi, mheshimiwa."

"Ulimuuliza nini kuhusu uziwi wa baba yake?"

Wakili akazirudisha zile karatasi mezani. "Sikumuuliza, mheshimiwa."

"Kwa hiyo maneno yake yamesimama hivyo hivyo yalivyo, miaka yote hii, na hakuna aliyeyagusa."

Jaji wa kushoto, kijana kidogo, aliinama mbele. "Wakili, nisaidie. Mtu anampigia hodi kiziwi, na huku anaendelea kutembea. Ruhusa imetoka wapi?"

Wakili wa Bwana Geti alisema mengi baada ya hapo, lakini sauti ilikuwa imekauka. Wakili wa Mama Godoro alisimama, akasema kwa dakika kumi, akakaa. Mara moja tu aligeuka nyuma kumtazama mteja wake, akitabasamu.

Mama Godoro hakutabasamu. Alikuwa anatazama saa ya ukutani, maana na chumba hiki kilikuwa nayo. Maswali yote yale yalichukua dakika ishirini na mbili. Ukurasa ni ule ule, arobaini na moja. Maneno ni yale yale. Hakikuongezwa kitu, mtu amesoma tu. Dakika ishirini na mbili, na yeye amekaa miaka mitano kasoro akipandisha magodoro juu ya chupa. Hasira aliyoiona pale ilikuwa kubwa kuliko ya siku aliyoshindwa, na ilimtisha, maana hakujua kwamba mtu anaweza kuwa anashinda huku anawaka hivyo.

Miezi miwili baadaye waliitwa kusikiliza. Hukumu ilikuwa ndefu, jaji mzee akaisoma kwa kupumzika na kunywa maji. Ilisema kwamba jaji wa rufaa ya kwanza alikuwa na wajibu wa kuuchukua ushahidi wote, kuupima na kusema ameuonaje, na kwamba kurudia maneno ya hakimu hakukutimiza wajibu huo. Ilisema kwamba majaji wangeweza kuirudisha kesi chini ikapimwe upya, ila mrufani amengoja vya kutosha na kumbukumbu zote ziko mbele yao, kwa hiyo wameupima wenyewe. Kisha ikamchukua shahidi mmoja mmoja, wa kwanza mpaka wa sita, hata wale wa Bwana Geti, ikaeleza kila mmoja alisema nini na kwa nini anaaminika au haaminiki. Ilipofika kwa mrufani ilisema, "Alijibu swali la hodi bila kusita, jibu ambalo angeweza kuliona linamuumiza. Mahakama mbili zilitumia ukweli wake dhidi yake bila kuuliza ukweli huo una maana gani."

Shemeji aliangalia viatu vyake. Mama Godoro aliona machozi yake yakidondokea kiatu cha kushoto, akatazama pembeni ili asimwaibishe.

Njia ilirudishwa, upana wa mkokoteni, kwa mstari wa ule mteremko. Siku thelathini za kubomoa ukuta.

Kwenye korido Bwana Geti aliwapita haraka, daftari limekunjwa kwapani. Mkewe alisimama kidogo. "Mama, pole kwa yote," akasema kwa sauti ya chini, akamfuata mumewe mbio.

"Tumeshinda, mama!" Wakili alimkumbatia. "Umesikia? Hoja moja moja!"

"Nimesikia, mwanangu. Mungu akulipe." Kisha akamshika mkono asiondoke. "Na yule jaji wa kwanza ataambiwa?"

"Nakala ya hukumu itapelekwa kule chini, ndiyo. Itamfikia."

"Ataisoma?"

Wakili alivua miwani, akaanza kuifuta. Mama Godoro akamwachia mkono.

"Kesi ninayoijua mimi ni moja," alisema. "Yeye amekaa pale miaka mingapi? Wangapi wamepitiwa kama mimi, wakaenda nyumbani wakanyamaza? Hao nani atawasomea?"

"Sijui, mama."

"Hujui. Haya."

Akaenda dirishani kwa karani, akaomba nakala yake. Karani alisema arudi wiki ijayo. Mama Godoro alisema hana safari, akasimama pale pale dirishani, mkoba kifuani, mpaka karani akachoka kutazamwa akaenda kuitoa. Zilikuwa kurasa kumi na tisa. Alikaa kwenye benchi la korido, akatoa kidole chake, akaanza juu kabisa kwenye namba ya rufaa.

Nje mkokoteni ulikuwa unangoja juani. Shemeji alikuja akasimama, akaenda, akarudi.

"Shemeji, twende basi. Watu wanatusubiri kule, Mama Pacha amekwisha pigiwa simu, hata nyundo wameazima. Utaisoma nyumbani."

"Ngoja."

"Si tumeshasomewa yote?"

"Kaa hapa," Mama Godoro alisema, akamsogezea nafasi bila kuinua macho. "Kaa, nikikwama neno unisaidie."

Shemeji akakaa. Kidole kilikuwa mstari wa tatu.